Pumzi Kumi na Moja

Jumamosi asubuhi Inspekta Evaresta alipanda ngazi iliyomwangusha marehemu, amevaa sketi ya sare na viatu vya kazi, na chini hapakuwa na mtu wa kumshikia. Alhamisi angalau palikuwa na mtu amesimama. Leo hata huyo alikuwa mahabusu.

Ngazi yenyewe ilikuwa ya miti ya mkaratusi iliyogongwa misumari, haijawahi kuonja randa. Hatua ya nne kibanzi kikamwingia kiganjani. Alisonya, akakivuta kwa meno, akaendelea. Juu ya bati palikuwa na jicho la mashine, kioo cha mviringo chenye ukubwa wa sufuria iliyofunikwa. Pembeni yake, kwenye msumari, ilining'inia brashi ya kufutia vumbi. Kitanzi chake cha kamba kilikuwa kimepitishwa sawasawa kwenye msumari, wala hakikupinda. Brashi hiyo ilikuwamo kwenye picha za askari waliofika Alhamisi, na hakuna aliyeiuliza swali.

Hiki ndicho Kituo cha Pumzi cha Akheri: chumba kimoja cha matofali, jiko la nje, uzio wa michongoma, na mbuzi saba wa mlinzi waliokuwa wakilia tangu juzi kwa kukosa mtu. Kilijengwa kwenye mteremko wa Meru kwa kazi moja tu, kuhesabu pumzi za mwezi. Kila mtoto wa darasa la tatu anajua kwamba mwezi ni kiumbe hai. Unapumua, mwanga wake unajaa na kupungua kidogo sana, pumzi moja kwa dakika moja hivi. Wanasayansi waliligundua hilo wakapewa medali. Bibi yake Evaresta kule Kibosho alilijua kwa macho matupu, na hakupewa hata kanga.

Na kuna nyakati mwezi unaacha kupumua. Vitabuni wanaita pumziko. Watu wa milimani wanaita Kimya. Mwezi ukikaa Kimya, mtu anaweka chini alichoshika, anaufungulia viganja vyote viwili, na hasogezi mguu. Anahesabu tu pumzi zisizokuja, mpaka ije inayokuja. Anayesogea anaukata pumzi, na ukikatwa hautavuta tena. Bibi aliwafinya wajukuu masikio kwa sababu hiyo, kijiko cha mtori kikiwa nusu ya safari. Lakini mjini siku hizi nani anatazama juu? Watu wanangoja simu iwaambie, simu zinaambiwa na mashine za vituo kama hiki, na mashine zilikuwa hazijatangaza Kimya kwa miaka minne.

Ndiyo maana mlinzi Meitamei alikuwa kwenye matatizo makubwa. Alhamisi, saa mbili na dakika kumi na mbili asubuhi, Mzee Melkizedeki, mhesabu pumzi wa kituo kwa miaka ishirini na sita, alianguka kutoka kwenye ngazi hii akapigiza kisogo kwenye mawe ya msingi. Meitamei alikuwa hatua ishirini kutoka pale. Hakukimbia. Hakupiga yowe. Alisimama akimtazama mwenzake anakata roho. Alipoulizwa na askari alisema maneno matatu tu, "Nilisimama. Ulikuwa Kimya," akafunga mdomo. Mashine ikaulizwa. Mashine ikasema mwezi ulipumua vizuri asubuhi nzima.

"Jumatatu anasomewa mauaji," Mkuu wa Upelelezi alikuwa amemwambia Evaresta kwa simu. "Unazunguka nini huko? Mashine haina ndugu wala rafiki. Mtu amedanganya, basi."

"Nifunge tu jalada vizuri, afande."

"Una leo tu. Na kosa hilo halina dhamana, usije ukanililia."

Evaresta alishuka ngazi kinyumenyume. Alikuwa na miaka arobaini na sita, nyumba ya vyumba viwili Lemara, na Jumamosi ambazo hakuna aliyezihitaji. Wenzake walikuwa harusini.

* * *

Shahidi mkuu alikuwa Naisiae, mwanamke mtu mzima aliyeolewa Akheri kutoka Elerai. Shamba lake la kahawa na migomba lilipakana na uzio. Evaresta alimkuta akichuma kahawa, kikapu kiunoni.

"Shikamoo mama."

"Marahaba mwanangu. Mmerudi tena? Nimeshawaeleza wenzako yote."

"Nieleze na mimi. Mimi kichwa kigumu. Ulimwona Meitamei vizuri?"

"Vizuri! Asubuhi ile mbingu ilikuwa imefuliwa. Kibo uliuona mpaka mikunjo yake. Huo mwezi wenyewe ulikuwa juu pale, mweupe, hakuna hata kiwingu."

Evaresta aliandika. Aliandika pia neno kiwingu akalipigia mstari, bila kujua bado kwa nini.

"Ulisikia nini kwanza?"

"Kishindo. Nikainua kichwa. Naona Melkizedeki yuko chini, mguu unatikisika. Nikasema Mungu wangu, Meitamei yuko pale, atamnyanyua. Wapi! Amesimama. Nikaita, 'Meitamei! Wewe Meitamei!' Hageuki. Mimi nina goti bovu, mpaka nizunguke uzio niingie kwa lango la juu, robo saa imekwisha, na marehemu ameshakuwa marehemu."

"Fimbo yake alikuwa ameishikaje?"

"Fimbo?" Naisiae alifikiri. "Ilikuwa chini. Kwenye majani."

"Na mikono?"

"Mikono ilikuwa hivi." Aliachia kikapu, akafungua viganja mbele ya tumbo, vinatazama juu. Alibaki hivyo sekunde chache. Kisha akavitazama viganja vyake mwenyewe na kuvishusha haraka. "Jamani," alisema kwa sauti ndogo. "Nilidhani anashangaa tu. Zamani mchungaji alikuwa anatupigia kengele ya Kimya. Siku hizi mtu unakumbukia wapi?"

"Walikuwa na ugomvi?"

Hapo Naisiae alipata nguvu tena. "Mkubwa! Wiki iliyopita nilimsikia Melkizedeki anafoka ndani ya kituo mpaka kuku wangu wakakimbia. 'Mwongo mkubwa wewe! Kila siku nakufuta uso kwa mikono yangu, halafu unanidanganya mbele ya macho yangu!' Maneno gani hayo ya kumwambia mtu mzima?"

"Meitamei alimjibu nini?"

"Hakujibu. Yule huwa hajibu."

"Ulimwona ndani?"

"Kumwona, hapana. Lakini angekuwa anamfokea nani? Wako wawili tu pale."

Evaresta alimshukuru. Wakati anavuka uzio aliyarudia yale maneno kimoyomoyo, hasa lile la kufutwa uso. Alikuwa amesikia ugomvi mwingi wa wanaume katika kazi hii, wa mipaka, wa mifereji, wa wake. Hakuwahi kusikia mwanamume akimfuta mwenzake uso.

* * *

Oscar, mkuu wa Kituo cha Pumzi aliyekaa mjini, aliahidi kufika saa tatu. Alifika saa nne kasoro. Evaresta alimngoja ndani, mbele ya meza ya marehemu. Kila kitu kilikuwa mahali pake: miwani, chupa ya chai, penseli iliyofungwa kamba kwenye mguu wa meza, na daftari kubwa la mistari. Mzee Melkizedeki aliandika kila pumzi kwa kijistari kimoja, hamsini kwa mstari, kwa mwandiko wa mwalimu wa shule ya msingi. Mstari wa mwisho ulikuwa wa Alhamisi, saa mbili kasoro dakika tano. Chini yake alikuwa ameandika: *Naenda kufuta kioo.* Baada ya hapo kurasa zilikuwa tupu, na utupu ule ulimuumiza Evaresta kuliko picha za maiti.

Dirisha lilitazama magharibi. Mwezi ulikuwa juu ya bega la Meru, umeliwa upande mmoja. Evaresta alikaa kwenye kiti cha marehemu akautazama. Mwanzoni hakuona kitu. Baada ya dakika kumi hivi jicho likazoea, akaona: unajaa, unapungua. Alivuta daftari.

Mtu alipokohoa mlangoni aliacha penseli upesi, kana kwamba amekutwa anaiba.

"Samahani, afande. Foleni." Oscar alikuwa kijana wa miaka thelathini na kitu, shati limepigwa pasi, macho mekundu. Alikuwa amelia. Hilo Evaresta aliliona na kuliweka akilini.

"Pole na msiba. Nioneshe Alhamisi."

Oscar alibonyeza kompyuta, printa ikatema karatasi ndefu yenye mstari wa mawimbi. "Hii hapa. Saa mbili mpaka saa tatu. Pumzi hamsini na nane. Haikukatika hata moja. Natamani nimsaidie mzee Meitamei, aisee, lakini data ni data."

"Hizi alama ni nini?" Evaresta alifungua daftari kurasa za nyuma. Pembeni mwa baadhi ya mistari palikuwa na herufi K, imezungushiwa duara. Alizihesabu. Zilikuwa sita kwa miaka miwili.

Oscar alikwaruza shingo. "Kimya. Alikuwa anasema ameona Kimya. Mimi nikiangalia mashine, hakuna. Nilimwambia, mzee, ni macho, umri umekwenda. Alikasirika sana."

"Alimkasirikia nani?"

"Mimi kidogo. Mashine zaidi. Alikuwa anaifokea kama mtu."

"Anaiita mwongo?"

"Ndiyo. Umejuaje?"

Evaresta alikuwa anatazama mawimbi, ambamo kijikovu kimoja kilijirudia baada ya pumzi kumi na moja. "Bwana Oscar, pumzi mbili za mwezi zinaweza kufanana?"

"Haiwezekani. Kila moja ina umbo lake. Ni sawa na alama za vidole kwenu."

Alama za vidole alizijua. Aliichukua karatasi, akapima kwa rula dakika kumi na moja kuanzia saa mbili na dakika kumi na mbili, akakata kipande kwa mkasi. Akakata na kipande kilichotangulia, chenye urefu uleule. Alienda dirishani, akakiweka kimoja juu ya kingine, akavibandika kwenye kioo ili mwanga upite. Oscar alisogea.

Mistari miwili ilikuwa mstari mmoja. Pumzi kumi na moja na pumzi kumi na moja, kila kilima juu ya kilima chake, mpaka kile kijikovu kidogo kwenye pumzi ya sita.

"Aisee," alisema Oscar.

"Nichapie siku hizi sita za alama K."

Alichapa. Ilikuwa vilevile. Kila palipokuwa na K ya mzee, mashine ilikuwa imejinakili.

Oscar alikaa chini polepole. "Ni programu," alisema. "Wingu likipita, mashine inapoteza pumzi, grafu inakuwa na matobo. Kwa hiyo programu inaziba tobo kwa kurudia kipande cha nyuma. Ili isomeke vizuri. Lakini..."

"Lakini mwezi ukiacha kupumua wenyewe?"

"Mashine itaona tobo. Itadhani ni wingu." Alijifuta uso kwa kiganja. "Itaziba."

"Alhamisi hapakuwa na wingu. Jirani aliona mikunjo ya Kibo."

"Afande, vituo vyote duniani vinatumia programu hii hii. Vyote. Maana yake..." Alitazama dirishani, juu ya vipande vya karatasi. "Maana yake umekuwa ukisimama, na dunia nzima hakuna anayejua. Isipokuwa wazee wawili Akheri."

"Mmoja sasa," alisema Evaresta.

Alipiga simu kwa daktari aliyepasua maiti, akamuuliza viganja. Daktari alikuwa anakula, alisikika akitafuna. Viganja safi, alisema, hakuna mchubuko wala kibanzi. Evaresta alitazama kiganja chake chenye damu kavu. Mtu anayesukumwa kwenye ngazi ile angedaka chochote. Na mtu anayesukumwa hatundiki brashi msumarini kwanza.

"Aliishi muda gani baada ya kuanguka?"

"Dakika kumi hivi. Damu ilikuwa inavujia ndani polepole. Angewahishwa, labda." Daktari aliacha kutafuna. "Hiyo labda usiniandike."

* * *

Saa tisa alasiri askari wa zamu alimleta Meitamei chumba cha mahojiano. Alikuwa mzee mrefu wa Kiarusha, mkanda wamemvua, viatu wamemvua, shuka wamemwachia. Alikaa, akaweka mikono juu ya meza.

"Shikamoo mzee."

"Marahaba."

"Mbuzi wako nimemwachia Naisiae. Wamekula."

Kwa mara ya kwanza mzee alimtazama. "Asante, yeyo." Alimwita mama, japo angeweza kumzaa.

"Mzee Meitamei, nina wajibu wa kukuonya. Hulazimiki kusema neno lolote. Ukisema, nitaandika, na yanaweza kutumika mahakamani. Unaelewa?"

"Naelewa. Sina la kusema. Nipelekeni."

"Jumatatu wakikusomea mauaji, usipojitetea utanyongwa."

"Sawa."

"Sawa? Hivi hivi tu?" Evaresta alisikia sauti yake imepanda, akaishusha. "Mzee, brashi ilikuwa imetundikwa. Aliitundika mwenyewe. Akafungua viganja, yuko juu ya ngazi. Hukumgusa. Kwa nini husemi?"

Nje mtu alikuwa anafoka kaunta kuhusu pikipiki yake.

"Wangemcheka," alisema Meitamei. "Mhesabu wa serikali, amesoma, ameachia ngazi kwa ajili ya Kimya. Wangemcheka msibani kwake, mbele ya watoto wake. Afadhali waseme mimi ni muuaji. Mimi nitacheka na nani? Sina mtu."

"Ni hilo tu?"

"Si hilo tu." Mzee aliondoa mikono mezani. "Askari walinionesha karatasi. Walisema mwezi ulipumua. Kila pumzi iko pale. Nikalala na hilo siku mbili. Yeyo, niambie kitu kimoja, halafu nifanyeni mnachotaka. Kama haukusimama, nilimwacha Melki afe bure. Nilimwangalia, nikasimama, bure. Je, ulisimama?"

Hakuwa anaomba kuachiwa, na hilo Evaresta alilielewa papo hapo. Alifungua jalada, akatoa vile vipande viwili, akamwita mzee kwenye dirisha dogo la nondo. Akavibandika kwenye kioo.

"Hiki ni cha saa mbili na dakika moja. Hiki ni cha dakika kumi na mbili. Angalia. Mashine haikuwa na cha kuandika, ikanakili cha zamani. Ilidanganya. Ulisimama, mzee. Dakika kumi na moja."

Meitamei aliweka kidole juu ya kilima cha kwanza, akakisogeza mpaka cha mwisho. Midomo yake ilikuwa inahesabu. Alipofika mwisho aliegemeza paji la uso kwenye nondo akalia kwa sauti, kilio cha mtu mzima ambacho askari wa zamu alifungua mlango kukitazama. Evaresta alimwashiria afunge. Alitaka kumshika mzee bega. Hakujua kama inaruhusiwa, kwa kazi au kwa mila, na mwisho akalishika tu.

Walipokaa tena, mzee alijifuta kwa pembe ya shuka. "Nani anahesabu sasa?"

"Hakuna. Oscar anakungoja wewe. Nikimpelekea mkuu wangu hivi vipande na maelezo yako, Jumatatu hutasomewa kitu."

"Tangu Alhamisi hakuna aliyehesabu?"

"Leo asubuhi kidogo. Nilihesabu mimi. Thelathini na nne."

Meitamei alimkazia macho. "Uliandika kwenye daftari lake?"

"Niliandika."

"Kwa penseli?"

"Kwa penseli."

"Vizuri. Kalamu hakuitaka." Alivuta kiti karibu na meza. "Andika, yeyo. Nitasema."

Evaresta alichukua fomu ya maelezo ya onyo, akaandika tarehe na saa. Mzee alisema taratibu, akimpa nafasi kalamu imfikie. Alisema walikuwa wakiutazama pamoja kila asubuhi kwa miaka kumi na moja, yeye chini, Melki juu. Alisema Alhamisi waliona wote kwa pamoja. Melki alitundika brashi, akafungua mikono, mguu ukateleza. Alisema alinyanyua mguu wake kumkimbilia.

"Ulinyanyua?"

"Nilinyanyua. Melki akaniona, yuko chini pale. Akasema, 'Usije. Bado haujavuta. Usiukate.' Nikaurudisha mguu."

Kalamu ilisimama. Evaresta aliikumbuka ile labda ya daktari. Mzee hakuuliza, na yeye hakusema.

"Endelea, mzee."

"Akaanza kuhesabu. Mimi namsikia. Moja. Mbili. Macho yake yako juu. Naisiae anaita huko, sisi tunahesabu. Alifika tisa." Meitamei alitazama viganja vyake. "Ya kumi na ya kumi na moja nilimalizia mimi. Halafu ukavuta."

Evaresta aliandika hivyo hivyo, bila kuongeza neno. Alimsomea kutoka juu mpaka chini, kama sheria inavyotaka, kisha akamgeuzia karatasi atie sahihi.

"Hapa?" aliuliza mzee.

"Hapo."